Kofia ya Baba Mkwe

Kwa miaka hamsini na mitatu Tukiran alijulikana pale Sumberjati kwa mambo mawili: vigae vyake havivuji, na mdomo wake haufunguki. Ukimkanyaga mguu, anasema hakuna neno. Ukiazima ngazi yake ukairudisha imepungua kipago, anasema hakuna neno. Siku ng'ombe wa jirani alipopita juu ya vigae vibichi vilivyoanikwa uani na kuviponda safu nzima, Tukiran alitoka, akamshika kamba, akampeleka kwao, na kabla ya kuondoka akaomba radhi kwa kuwasumbua. Mkewe Lasmi alisema kwamba katika ndoa yao alijifunza kumsoma mumewe kwa jinsi anavyoweka glasi chini. Akiiweka taratibu, amefurahi. Akiiweka taratibu mno, amekasirika.

Sasa, mtu wa namna hiyo kugeuka kuwa baba mkwe mkali kuliko wote Jawa Mashariki, akitazamwa na akina mama wanaofanya kazi za ndani Hong Kong na vijana walioko kwenye mashamba ya michikichi Malaysia, ni kazi ya Gunadi.

Gunadi alikuwa mpiga picha za video za harusi. Zamani kila familia ya Trenggalek ilimtaka, kwa sababu yeye peke yake alikuwa na kamera. Kisha kila mgeni akaanza kuja harusini na simu yake, na Gunadi akabaki na begi la nyaya. Akaamua kutengeneza vichekesho vifupi vya Kijawa na kuvirusha mtandaoni. Siku ya kwanza aliomba uwanja wa Tukiran, maana tanuri la vigae linapendeza machoni. Aliyetakiwa kuigiza baba mkwe hakutokea. Aliyeigiza mkwe alikuwa Jumadi, muuza supu ya vinyama vya kuviringisha, mtu mwembamba mwenye uso wa kuomba msamaha hata akiwa hajakosa. Gunadi alimwomba Tukiran asimame tu, asiseme kitu. Jumadi, akirudi nyuma ili aonekane vizuri, akakanyaga vigae vibichi. Alivikanyaga kweli, hakuwa anaigiza.

Tukiran akafungua mdomo aseme hakuna neno.

"Pak," Gunadi alimwambia, kama Wajawa wanavyomwita baba, kutoka nyuma ya kamera, "safari hii tu, sema kilichoko tumboni. Hapa si wewe. Hapa ni baba mkwe."

Lasmi alikuwa jikoni. Anasema alidhani mwizi ameingia. Aliposogea dirishani alimkuta mumewe, kofia ya mianzi iliyochanika ukingo imemkaa upande, akimfokea Jumadi kwa sauti ambayo hakujua kama nyumba ile inayo. Alianza na vigae. Akaendelea na ng'ombe. Akafika kwenye ngazi yenye kipago kilichopungua, akakitaja kipago kwa urefu wake na mti wake. Dakika sita alifoka bila kurudia neno. Halafu akavua kofia, akamwomba Jumadi radhi mara tatu, akaenda kunywa maji.

Kesho yake asubuhi walikuta kipago kimeegemezwa ukutani. Hakuna aliyemwona aliyekileta.

Kuanzia hapo kazi ikawa ndiyo hiyo. Kila Alhamisi Gunadi alikuja na simu mbili na kijiti chake cha kuzishikia, Jumadi akaja baada ya kufunga kigari cha supu, na Tukiran akaivaa ile kofia. Bila kofia hakuweza kusema hata sentensi moja. Akishaivaa, miaka yote ya hakuna neno ilitoka kama maji ya bwawa. Watu laki nne wakawa wanafuatilia chaneli. Majirani nao walitazama kwa makini zaidi ya wote, kwa sababu walijitambua, na kijiji kizima kikawa kinarudisha vitu: panga, mwiko, mkeka, redio.

Jambo ambalo hakuna aliyelitegemea ni wageni. Jumapili walikuja kwa pikipiki kutoka Tulungagung na Ponorogo, wengine na watoto, wakitaka kufokewa. Waliomba kwa haya, wakizunguka kwanza. Watasema wamepita tu. Watauliza habari za udongo. Mmoja atashika simu tayari, halafu atasema kwamba wamezoea kumwona Pak mtandaoni, au kwamba kijana huyu anakaribia kuoa, sijui atavumilia. Tukiran, ambaye hajawahi kumnyima mgeni kitu, alikuwa akielewa. Anakwenda kwenye msumari, anashusha kofia, anawafokea dakika mbili, anavua, anawakaribisha chai. Wanaondoka wanacheka njia nzima.

Basi binti yake wa pekee, Wening, mwalimu wa watoto wa chekechea, akapata mchumba. Kijana aliitwa Damar, fundi wa pampu za maji, mtu wa ng'ambo ya mto, kijiji cha Kedungsari. Walipatana kwamba wakioana wataishi kwa kina Wening, kwa kuwa Tukiran na Lasmi hawakuwa na mtoto mwingine. Siku ya kuja kuposa ilikwisha hesabiwa kwa kalenda ya Kijawa, siku za kuzaliwa za watoto wote wawili zikajumlishwa na kuonekana zinapatana. Kilichobaki ni mama yake Damar, Bu Murtini, yaani Mama Murtini, mjane mshonaji wa sare za shule, kuvuka mto na trei za keki za mchele wa kunata. Alikuwa bado hajafika kwa kina Tukiran hata siku moja.

Damar alifanya kosa la mtu mwenye furaha. Alimwonyesha mama yake video, akamwambia, huyu ndiye baba yake Wening. Yeye alikuwa anacheka. Mama yake hakucheka. Bu Murtini, alipoolewa, aliishi na mumewe nyumbani kwa baba yake mwenyewe, na baba huyo alikuwa vilevile, ila bila kamera. Miaka miwili alimwona mumewe akila jikoni, amesimama, kama mtu anayesubiri basi. Hajalisahau hilo hata mume alipokwisha kufa.

Jumapili moja, majuma mawili kabla ya siku ya posa, Wening na mama yake walikuwa sokoni. Lasmi ndiye aliyewahi kurudi. Akamkuta mama mmoja nadhifu, kitambaa cha kichwa cha kijivu, amesimama uani pamoja na mdogo wake wa kiume, na huyo mdogo wake ameshika simu mbele ya uso akitafuta mtandao. Lasmi akawasalimia, akaingia kuchemsha chai.

Mama yule alisema kwa sauti ya chini kwamba ametoka ng'ambo ya mto, kwamba paa la jiko lake linavuja, na angependa kuona vigae. Tukiran akamwonyesha vigae. Mama akavitazama bila kuviona. Macho yake yalikuwa mlangoni, dirishani, kwenye benchi la kulia chakula. Hakutaja jina lake, maana anayekuja kuchungulia nyumba ya posa hatangazi. Anakuja na sababu nyingine mkononi. Naye Tukiran hakumuuliza, maana mgeni haulizwi jina kama muuzaji wa mlangoni.

"Tumekuwa tukikuona kwenye simu, Pak," mama alisema mwishowe. "Nami nina kijana anakaribia kuoa. Nikajiuliza, kijana kama huyo akiishi katika nyumba kama hii, ataishi vipi?"

Tukiran akamwonea huruma. Wametoka mbali, wamezunguka kote huko, na kumbe wanataka kitu kidogo tu. Akaenda kwenye msumari. Na kwa kuwa mama alionekana mtu wa heshima, aliamua asimpe cha haraka haraka kama wengine, ampe kilicho kamili.

"Ataishi vipi?" alinguruma, kofia ikiwa upande. "Ataishi amejikunja. Sahani ya kwanza ya wali nitamhesabia punje. Ya pili nitamuuliza, kwenu hawapiki? Kitanda chake kile pale, kando ya tanuri, na asubuhi nitakagua vigae kwanza, yeye baadaye. Na wewe mama yake, ukija kumtembelea, uje na mchele wako, na kuni zako, na ukiona amekonda usiniulize mimi, uliza upepo!"

Akaendelea hivyo mpaka jasho likamtoka. Kisha akavua kofia, akainama, akauliza kwa sauti yake ya kila siku, "Imetosha, Bu, au nirudie?"

"Imetosha, Pak," mama alisema.

Akaaga kwa adabu zote. Lasmi alipotoka na chai, pikipiki ilikuwa imeshafika barabarani. Wening alirudi saa nzima baadaye na vikapu vyake, akakuta glasi mbili zimejaa mpaka ukingoni, hazikuguswa. Akauliza nani alikuja. Baba yake akamweleza: mama mmoja, kitambaa cha kijivu, mpole sana, ana alama ya sindano kwenye kidole gumba.

Wening aliketi juu ya rundo la vigae. "Baba," alisema, "umemfokea mama yake Damar."

Siku mbili baadaye ujumbe ukaja kupitia kwa Damar, ambaye sauti yake kwenye simu ilikuwa kama ya mtu mwenye homa. Mama anasema posa isubiri kidogo. Anatafuta siku nzuri. Nyumba nzima ilielewa. Siku nzuri ilikwisha patikana. Anayetafuta nyingine hatafuti siku, anatafuta kukataa. Damar alimsimulia Wening habari za babu yake na baba aliyekula amesimama, na kwamba amemweleza mama kuwa yale ni maigizo, na mama amejibu kwamba mtu hawezi kutoa mdomoni kitu ambacho hakimo ndani. Wening hakumlaumu baba yake. Aliendelea kwenda kufundisha na kurudi, ila aliacha kuimba nyimbo za chekechea akiwa anafua, na Tukiran aliusikia ukimya huo kuliko angesikia matusi. Glasi yake ya chai akawa anaiweka chini taratibu mno.

Gunadi alikuja mbio na dawa. Siku hizi, alisema, kila anayekosea mtandaoni anatoa video ya ufafanuzi: shati jeupe, mikono magotini, unasema niliteleza. Watu wanasamehe. Akamvisha Tukiran shati jeupe lake mwenyewe, lililombana mabegani, akamketisha mbele ya ukuta. Tukiran alikaa hapo karibu saa nzima. Midomo ilisogea. Hakikutoka kitu. Jumadi, kwa nia njema, akamwekea ile kofia kichwani imsaidie.

"Mimi niombe radhi?" Tukiran akafumuka. "Nani aliingia uwanja wa watu bila kutaja jina? Nani aliacha chai ya mke wangu ipoe?"

Lasmi akaipokonya kofia upesi kama mtu anayeepua maziwa yanayofurika.

"Hii tukiirusha," Gunadi alisema akitazama simu kwa majonzi, "ndoa imekufa, lakini chaneli itapaa mpaka mwezini."

Tukiran alivua shati, akalikunja vizuri, akamrudishia. Akasema polepole kwamba Bu Murtini ni nyumba moja, na kwenda mlangoni pa nyumba moja na watu laki nne nyuma yako si adabu. Akasema pia Alhamisi asije. Hiyo ndiyo hotuba ndefu kuliko zote alizotoa bila kofia.

Asubuhi ya Jumamosi, akiwa anakanyaga udongo, alisimama ghafla mguu mmoja juu. Akamwita Lasmi.

"Yule mama aliulizia vigae," alisema.

Lasmi akamtazama. Kisha akaingia ndani kumfungia wali na tempe ya soya ya kukaanga kwenye jani la mgomba.

Alichagua vigae mwenyewe, kimoja kimoja, akivigonga kwa kidole asikilize mlio. Jumadi akaleta pikipiki yake ya matairi matatu, wakapakia, wakavuka mto. Misumari ya mbao za paa ilikuwa haina chombo, Jumadi akaitia ndani ya ile kofia na kuining'iniza kwenye usukani.

Bu Murtini alitoka mlangoni na futi ya kushonea shingoni. Akamwona Tukiran, akaona shehena.

"Bu, nimeleta vigae vya jiko," Tukiran alisema akitazama miguu yake.

Jiko la Bu Murtini lilikuwa halivuji. Halijawahi kuvuja. Lakini akisema halivuji, atakuwa amekiri kwamba siku ile alikwenda kupeleleza. Kwa hiyo alisema, "Ah. Karibu, Pak," akasogea pembeni.

Tukiran akapanda ngazi. Alipoinua kigae cha kwanza aliona mara moja: mbao kavu, hakuna doa, paa lenye uzima wa miaka thelathini mbele yake. Akatazama chini, naye Bu Murtini alikuwa akitazama juu. Akisema paa ni zima, atakuwa amemwita muongo. Basi akakitoa kile kigae kizima, akampa Jumadi akipange pembeni, akachukua kipya, akaweka. Akaendelea na cha pili.

Ilipofika saa nne habari zilikuwa zimeenea Kedungsari nzima. Watu walijipanga kwenye uzio na simu zao, wakimwomba Pak afoke kidogo tu, hata neno moja. Alitikisa kichwa akatabasamu, akaendelea na kazi. Kelele za cherehani ya Bu Murtini zilisikika dirishani, zikienda na kusimama, zikienda na kusimama.

Ndipo Jumadi, akipanda na vigae vinne vipya begani, akakosa kipago. Vigae vikaanguka juu ya vyungu vya maua ya Bu Murtini, vikavunjika, na vyungu viwili vikavunjika navyo. Simu zote kwenye uzio zikainuka. Cherehani ikanyamaza. Hata kuku walionekana kungoja.

Tukiran akashuka ngazi taratibu. Akamshika Jumadi mguu, akaugeuza, akautazama.

"Umeumia?" aliuliza.

"Sijaumia, Pak."

"Basi hakuna neno."

Akachutama, akaanza kuokota vipande kwa mikono. Maua akayapanda upya kwenye ndoo mbovu aliyoiona kando ya kisima, akayamwagia maji. Watu wakashusha simu. Hakikuwa kitu cha kurekodi. Bu Murtini alikuwa amesimama dirishani, uzi mdomoni, ameusahau.

Mchana aliwaandalia wali, mboga za kuchemsha na mchuzi wa karanga. Tukiran alikaa ukingoni mwa mkeka, akala kidogo, akapeleka sahani yake kisimani akaiosha. Chai aliinywa yote mpaka majani ya chini. Hakusema alichokuja kusema. Jioni ilipokaribia kazi ikaisha, jiko likawa na paa jipya jekundu, na uani kukawa na vigae vizima vya zamani vimepangwa vizuri, visivyo na kosa lolote.

Bu Murtini alivizunguka mara moja. Kisha akaenda kwenye pikipiki, akamwaga misumari ardhini, akaivaa kofia. Ilimfunika mpaka kwenye nyusi.

"Wewe mzee," alisema, na watu wa Kedungsari waliomjua tangu msichana wakatazamana, maana hawakuwahi kuisikia sauti hiyo. "Ni akili gani ya kubomoa paa zima la mjane? Nilisema linavuja, na wewe ukaamini? Ulipofika juu hukuwa na macho? Hukuwa na ulimi? Siku nzima umenikanyagia kichwani, nimeshona mikono mitatu kwenye shati moja! Na maua yangu umeyatia kwenye ndoo ya bata. Na mwanangu, unanisikia, mwanangu akija kwako atakula ameketi. Ameketi! Kwenye benchi, mbele ya watu, na sahani ya pili bila kuulizwa." Akaisukuma kofia juu ya nyusi. "Na hivi vigae vyangu vizima, mzee, unadhani utavifanyia nini?"

Watu walimtazama Tukiran. Hakuwa na kofia. Kofia ilikuwa kwa mwenzake. Alikunja mikono mbele ya tumbo, akafungua mdomo, akafunga, akafungua.

"Nilifikiri chumba cha Damar, Bu," alisema. "Nimeanza kuta upande wa mashariki, mbali na tanuri. Akilala, alale chini ya vigae vya jiko la mama yake."

Bu Murtini alivitazama vile vigae vyake. Akavua kofia polepole, akaifuta vumbi, akainama kama alivyoinamiwa siku ile.

"Imetosha, Pak, au nirudie?"

Tukiran alicheka mpaka akaketi juu ya vigae. "Rudia kidogo, Bu," alisema. "Pale pa ndoo ya bata."

Damar na mama yake walikuja Jumapili, siku ileile iliyokuwa imehesabiwa tangu mwanzo, na trei za keki za mchele wa kunata, na Lasmi akachemsha chai mara tatu kwa sababu glasi ziliisha. Gunadi alikuwepo, amevaa lile shati lake jeupe, bado ana uchungu moyoni. Aliposimuliwa habari za Kedungsari aliuliza kila mtu kijiji kizima nani alirekodi, na hakuna aliyekuwa amerekodi. Simu walikuwa wamekwisha kuzishusha. Alijaribu kumshawishi Bu Murtini arudie mbele ya kamera, aigize mama wa mkwe. Bu Murtini alisema atafikiria, kwa sauti ya chini, akitazama kofia pale msumarini.

Damar alikula ameketi. Sahani ya pili Tukiran alimpakulia mwenyewe, bila neno, na glasi yake akaiweka chini taratibu.